Zamu Yangu na Kopo

Kwanza naitazama kama sijawahi kuitazama.
Nafungua komeo, naiinamisha kwenye mwanga wa mlango,
natia kidole cha mwisho ndani ya chemba: tupu.
Natia tena. Likwata hunicheka kila Jumatatu,
lakini Likwata ana vidole tisa.

Kopo limeletwa na gari la wilaya,
jekundu, dogo, la kuenea kiganjani,
na karatasi ya kusaini kana kwamba tumepewa ng'ombe.
Limeandikwa kwamba linafanya kazi tatu:
linang'oa masizi, linalainisha, linafukuza kutu.
Mchopa, mtunza stoo, alilizungusha, akalinusa, akasema:
mtu anayejisifu kwa kazi tatu
ujue mbili anasaidiwa.

Zamani tulikuwa na vitu vitatu kwa kazi hizo.
Dizeli ya kuoshea, tuliyoomba kwa dereva wa lori la ufuta.
Mafuta ya cherehani ya mama, niliyoiba kwa matone.
Na kwa kutu, dua,
maana masika ya Liwale hayabishi hodi:
unalaza chuma jioni, asubuhi kimeota ndevu nyekundu.

Sikuliamini. Nilichukua misumari miwili,
mmoja nikaupaka, mmoja nikauacha,
nikaichomeka kwenye ukuta wa choo cha ofisi.
Wiki tatu za mvua.
Wenzangu walikwenda haja wakarudi na taarifa:
"Wako bado unang'aa." "Ule mwingine umeoza, maskini."
Mchopa alikwenda mwenyewe, akakaa sana,
akatoka bila kusema neno.

Leo basi. Kitambaa cha kwanza kinatoka cheusi.
Jana usiku tulikuwa Mpigamiti.
Tembo walivuka kamba zetu za oili chafu na pilipili
kama mtu aliyekuja kudai chake.
Risasi mbili, hewani. Ndivyo nilivyoandika daftarini.
Daftari halina safu ya mahindi ya Bi Nangumbi,
nusu eka iliyolala chini kama mkeka,
wala safu ya yeye mwenyewe, amesimama katikati na sufuria,
anagonga, anagonga, tembo wameshaondoka,
na hakuna kati yetu aliyethubutu kumwambia aache.

Kitambaa cha pili, kijivu.
Nasukuma ufito upande mmoja, kutoka chemba kwenda mdomoni,
sirudi nyuma, ndivyo tulivyofundishwa Likuyu.
Cha tatu kina rangi ya chai ya maziwa.
Cha nne nakiinua kwenye mwanga:
kitambaa.

Sasa tone moja juu ya komeo. Moja tu.
Linatambaa lenyewe, linatafuta njia,
na komeo linajifunga kwa sauti ndogo
ya mtu aliyemeza mate.

Mafuta yaliyobaki kidoleni siyafuti.
Jioni nayapaka kwenye gurudumu la cherehani.
Mama hanioni. Anashona mashati ya shule
mpaka taa ya sola inafifia,
na cherehani haijalia hata mara moja,
na hilo ndilo linalomshtua:
"Umekifanya nini kitu changu?
Mimi huhesabu mashati kwa kelele zake."

Shati moja limepata doa, chini ya ukosi,
dogo kama punje ya ufuta.
Ni la mjukuu wa Bi Nangumbi.
Naomba nilifue. Mama analinusa, analikunja,
anasema liende hivyohivyo:
njia ya shule inapita kando ya mto,
na tembo wana pua.